Mkalimani wa Darajani

Miaka ile ya tisini, mtu wa kwetu akiwa na shida na ofisi yoyote upande huu wa London, hakuwa akienda peke yake. Alimchukua Mzee Abdulwakil. Mzee alikuja na koti lake la kijivu, tai imefungwa sawasawa, na Kiingereza chake kilikuwa kile cha zamani, cha makarani wa serikali ya Unguja, ambacho Waingereza wenyewe walishakisahau. Akifungua mdomo pale dirishani kwa watu wa nyumba za serikali, msichana wa nyuma ya kioo alikaa vizuri kwenye kiti chake kabla hajajibu.

Mimi naitwa Zainab. Nilimjua kwa sababu nilikuwa napika kwenye chama cha wazee pale Queensbury. Kila Jumatano tulikodi ukumbi wa kanisa, tukapanga meza, na wazee wakaja: Waunguja na Wapemba waliokimbia siasa za kwao, Wahindi waliotoka Mombasa na Kampala, na baadaye Wakongo waliokuwa bado wanangoja ruhusa ya kukaa nchini. Lugha iliyowakutanisha ilikuwa Kiswahili, na chakula kilichowakutanisha kilikuwa changu, wali na mbaazi za nazi, kwa sababu nusu yao hawali nyama na nusu nyingine hawaiamini nyama ya Wazungu. Nayasema haya mapema ili msinidhanie kuwa ni mtu wa kupenda kuwasifu wazee. Mpishi wao huwajua. Anajua nani anatia vipakiti vya sukari mfukoni na nani anagombea kiti cha karibu na hita. Lakini Mzee Abdulwakil nilimheshimu, na hilo ndilo linaloniudhi mpaka leo.

Alikuwa na namna yake ya kufasiri. Hakukaa upande wako wewe uliyemleta. Alisimama ubavuni mwa mwenye ofisi, akakugeuzia uso, na akabeba maneno pamoja na sauti. Daktari akisema polepole, naye alisema polepole. Afisa wa uhamiaji akikoroma, Mzee Abdulwakil alikukoromea kwa Kiswahili safi, kidole kimesimama. Marie-Claire, mama wa Kikongo aliyekuwa akiosha vyombo pamoja nami, alirudi siku moja kutoka kwenye mahojiano yake macho mekundu. Nikamuuliza kama yule afisa alimtukana.

"Ule muzungu mi sikumusikia kitu, mama Zainab," alisema. "Mwenye alinikaripia ni mzee."

Nilicheka. Jumatano iliyofuata nikamchokoza mwenyewe, nikamwambia watu wanamwogopa yeye kuliko hao Home Office wa uhamiaji. Hakukasirika.

"Mwanangu Zainab, mimi mdomo tu," alinijibu, akajifuta masharubu kwa leso. "Mkalimani akianza kupunguza ukali wa watu, huyo ni mwongo mwenye adabu."

Jibu lile lilinipendeza. Nililirudia kwa watu kama vile nimelitunga mimi.

Rafiki yake mkubwa pale ukumbini alikuwa Bi Lila. Alikuwa mjane wa Kigujarati, mwembamba, sari nyeupe na sweta la mwanawe juu yake, na alikuja kwa basi kutoka Stanmore alikokaa na huyo mwanawe. Mumewe alikuwa na duka la vyombo Mombasa, kwa hiyo Kiswahili chake kilikuwa cha kule, kizuri, cha jikoni na dukani. Kiingereza hakumudu. Kilichowaunganisha wale wawili ni mji ambao sisi wengine hatujauona. Bi Lila alizaliwa Singapore, baba yake akiwa fundi cherehani. Mzee Abdulwakil akiwa kijana alipelekwa huko na baba yake, kwa ami yake aliyekuwa akiuza nguo na manukato katika mtaa wa Waarabu. Alikwenda kujifunza biashara kidogo arudi. Vita vikaja, bahari ikafungwa, Mjapani akauchukua mji, naye akakwama mpaka vita vilipokwisha.

Basi wakikaa pamoja walizungumza Kimalay, wakacheka peke yao, na sisi tukajifanya hatuoni wivu. Wakati mwingine Mzee Abdulwakil alitufungulia na sisi kidogo.

"Mjapani aliubadilisha mji jina, akaubadilisha na saa," alikuwa akisema. "Saa zote za ukutani zikawa za Tokyo. Jua likabaki la Singapore. Ami yangu anasimama mlangoni mwa duka, anatazama saa, anatazama mbingu, hajui aswali adhuhuri ya nani."

Kisha inakuja mihogo. Asubuhi mihogo, mchana mihogo, jioni mkate wa mihogo, mpaka mke wa ami yake akawa anaota mihogo inamkimbiza. Alikuwa anajua kuhadithia. Mzee Matar, Mpemba mmoja mwenye mzaha, alikuwa akimwomba aanze upya kwenye ndoto. Mimi niliibeba hadithi ile nyumbani, nikawapa wanangu kila walipokataa chakula, nao wakanijibu kwa Kiingereza kwamba wameshaisikia. Bi Lila hakuwa akicheka sana kwenye mihogo. Alitabasamu tu, akasema kwao walikuwa wakila na majani yake.

Hakuna aliyemuuliza Mzee Abdulwakil alifanya kazi gani miaka ile. Yeye alisema alikuwa dukani kwa ami.

Sasa ngoja niwaeleze la Bi Lila, kwa sababu mambo yote yamesimama juu yake. Alilieleza mara moja tu, siku moja ya baridi mvua ilipotuzuia ukumbini, na hakuna aliyemwomba.

Alikuwa binti mdogo, hajavunja ungo. Baba yake alikuwa akipeleka nguo alizoshona ng'ambo ya mto, naye alipenda kumfuata. Darajani kulikuwa na askari wa Kijapani, na kila anayepita lazima asimame amwinamie: mikono mapajani, mgongo umenyooka, macho chini, na usiinuke mpaka uambiwe. Pembeni ya askari alisimama kijana aliyefungwa kitambaa kwenye mkono, mkalimani. Si Mjapani, si Mhindi. Alisema Kimalay. Siku ile baba yake aliinama, askari akasema neno, na yule kijana akasema, chini zaidi. Baba yake mgongo ulikuwa umeharibiwa na cherehani. Hakuweza. Yule kijana akamwekea vidole viwili nyuma ya shingo, akamsukuma. Baba hakushuka. Ndipo akampiga kofi, kofia ikamruka ikaangukia mferejini.

"Baba akaiokota," alisema Bi Lila. "Akaivaa vivyo hivyo na maji yake. Akamwambia yule kijana asante."

Nilidhani amemaliza.

"Tangu siku hiyo hakutaka nifuatane naye tena. Hakuniangalia usoni. Nikimpa chai, anaangalia kikombe. Bahari ilipofunguka akanioza mbali, Mombasa. Watu walisema amenipatia mume mzuri, na kweli. Lakini mimi nilijua ananiondoa machoni, kwa sababu mimi nilimwona. Akafa huko na mimi niko huku." Akakunja ncha ya sari yake. "Yule Mjapani alikuwa hatujui, simfikirii sana. Yule kijana ndiye nataka nimjue. Sitamfanya kitu. Nataka nimjue tu kabla sijafa."

Mzee Abdulwakil alikuwepo. Aliinuka akaenda kuongeza maji ya chai, na birika lilikuwa limejaa. Hilo nimelikumbuka baadaye. Siku ile niliona mzee tu anayeficha machozi, nikamhesabia wema.

Baada ya hapo akawa mtu wa Bi Lila. Alimbebea mkoba mpaka kituo cha basi. Alikwenda naye hospitali kwa ajili ya macho, akamfasiria, na huko, alivyosema Bi Lila mwenyewe, sauti yake ilikuwa laini hata pale muuguzi alipokuwa mkali. Tukawatania. Mzee Matar aliuliza kama bwana harusi ataingia na sari au bibi harusi ataingia na buibui. Mzee Abdulwakil alitabasamu bila kufurahi, na mimi nikasema haya za uzeeni zinampendeza mtu.

Majira ya joto yaliyofuata, halmashauri ikatuletea msichana wa mazoezi. Msichana mzuri, mashavu mekundu, viatu vya michezo, na Kiswahili hajui hata jambo. Mzee Abdulwakil akasimama ubavuni pake akafasiri. Jumatano za mwanzo zilikuwa mchezo: inua mkono, zungusha kifundo cha mguu, pumua. Wazee walipenda. Nilikuwa nawatazama kupitia dirisha la jikoni, ile sehemu tunayopitishia sahani, na Marie-Claire ananikumbusha kwamba wali unaungua.

Jumatano moja msichana akaja na zoezi la mgongo. Wazee wasimame nyuma ya viti, safu moja, wainame kutoka kiunoni polepole. Alilionyesha yeye kwanza. Alisema mikono iteleze kwenye mapaja, mgongo usipinde, na kila mtu aende kadiri anavyoweza. Kiingereza changu si cha kujivunia lakini hicho nilikielewa.

Mzee Abdulwakil akawageukia.

"Mikono mapajani," alisema. "Mgongo unyooke. Macho chini. Msiinuke mpaka mwambiwe."

Yale ya mwisho yule msichana hakuyasema. Na ile sauti haikuwa yake, wala haikuwa ya Mzee Abdulwakil tuliyemjua. Ilikuwa ya mtu mdogo kwa umri, yenye haraka. Nilishika mwiko nikasahau kukoroga. Wazee wakainama, wengine wanaguna, wengine wanacheka na magoti yao. Yeye akaanza kutembea mbele ya safu, taratibu, anawatazama visogo.

Mzee Matar alikuwa ameinama kidogo tu, anamnong'oneza jirani yake mzaha. Mzee Abdulwakil akafika kwake akasimama. Akaweka vidole viwili nyuma ya shingo yake.

"Chini zaidi," akasema.

Matar hakushuka. Mkono mwingine wa Mzee Abdulwakil ukapanda. Ukafika usawa wa bega, kiganja wazi, ukasimama hapo.

"Mzee, shingo hiyo ni ya mtu, si ya kuku," alisema Matar akiwa bado anatazama sakafu, na safu nzima ikacheka. Msichana wa mazoezi naye akacheka bila kuelewa, akampigia makofi mkalimani wake kwa msaada mzuri.

Bi Lila alikuwa wa tatu kutoka pale. Alikuwa ameshainuka kabla ya kuambiwa. Ameshika mgongo wa kiti kwa mikono miwili na anautazama ule mkono. Mzee Abdulwakil akamwona. Akautazama na yeye mkono wake, kama vile mtu mwingine amekiacha kitu chake hapo, akaushusha, akautia mfukoni mwa koti. Mimi niliona aibu mwili mzima. Ilikuwa ile aibu ya kufungua mlango wa bafu na kumkuta mkweo. Nikageuka nikaanza kupakua wali ambao haujakauka.

Bi Lila hakula siku hiyo. Aliomba koti lake, na alipoona Mzee Abdulwakil anauelekea mkoba wake, aliuwahi akaukumbatia kifuani.

Jumatano iliyofuata Mzee Abdulwakil hakuja, wala iliyofuata hiyo. Nikampigia simu bintiye, Ibtisam, ambaye alikuwa akikaa naye. Akasema baba ana mafua. Watu wakaanza kulalamika. Marie-Claire alikuwa na appointment na wakili, akanisihi nimtafutie mzee hata kama anakaripia. Nami nikawa najibu mafua, mafua, na Bi Lila ananisikiliza.

Akanifuata jikoni.

"Zainab, nipeleke kwake."

"Mgonjwa, Bi Lila."

"Si mgonjwa. Nipeleke. Nyumba ya mwanamume mjane siwezi kwenda peke yangu, na mwanangu sitaki ajue."

Nilijaribu kumtoa kwenye wazo hilo. Nikamwambia vijana wa aina ile walikuwa wengi kwenye mji ule, askari walikuwa wengi, madaraja vilevile. Nikamwambia mzee wa watu alichangamka tu kwenye mazoezi. Nilikuwa nayasema maneno hayo na mwenyewe siyaamini, na yeye alingoja nimalize kwa adabu.

"Huenda si yeye," alisema. "Basi aniambie si yeye."

Tukaenda mchana, kwa basi. Nyumba ya Mzee Abdulwakil ilikuwa karibu na kituo cha treni cha Queensbury, nyumba ya safu, mapazia meupe, waridi mbele zimekatwa vizuri. Ibtisam alitufungulia akafurahi kwa dhati, maskini, akidhani tumekuja kumpa pole mgonjwa. Akatukaribisha sebuleni, akaleta chai ya tangawizi na visheti. Mzee alikuwa amekaa na kanzu na sweta, ndevu hazijachongwa. Nilimpa shikamoo. Hakuitikia. Alimtazama Bi Lila, akajua, na mimi nikaona anavyojua.

Ibtisam akataka kurudi jikoni.

"Kaa," baba yake akamwambia.

"Nina sufuria motoni, baba."

"Kaa." Ilikuwa ile sauti ya ukumbini. Akaisikia mwenyewe, akafumba macho kidogo, kisha akasema tena kwa sauti ya chini, "Kaa, mwanangu. Nataka na wewe usikie."

Ibtisam akakaa kwenye ukingo wa kiti, sinia bado mkononi.

Hakumngoja Bi Lila aulize. Alisema alikuwa kijana mwepesi wa lugha. Wajapani walipofungua madarasa ya kufundisha lugha yao, yeye ndiye aliyewashinda wenzake. Wakampa kitambaa cha kuvaa mkononi wakamweka darajani na askari. Na nyumba ya ami yake ikaanza kuletewa mchele.

"Mchele?" nikauliza. Sikukusudia kusema kitu, lakini neno lilinitoka.

"Mchele, Zainab. Mihogo nilikuwa naiona kwa watu."

Nilikuwa nimecheka mihogo ile miaka na miaka, na Bi Lila, ambaye njaa ile ilikuwa yake, alikuwa amekaa meza hiyohiyo anatabasamu. Nikashindwa kumtazama.

Akaendelea. Alisema mwanzoni alifasiri tu. Siku moja askari alimzaba kofi yeye, kwa kufasiri kwa sauti ndogo. Tangu hapo akapaza sauti. Kisha akaona kwamba yeye akiwahi kumpiga mtu, askari hatumii kitako cha bunduki.

"Nikajiambia nawasaidia," alisema. "Kofi langu lilikuwa jepesi."

"Baba yangu hakuona wepesi," alisema Bi Lila. Hilo lilikuwa neno lake la kwanza tangu tuingie.

"Hapana. Na mimi sikumaliza." Alipangusa mdomo, na leso haikuwepo, akatumia mkono wa kanzu. "Hiyo ilikuwa mwanzo. Baadaye nilikuwa napiga hata askari akiwa anatazama mtoni. Hakuna aliyeniagiza. Watu wazima waliniogopa, na mimi nilikuwa kijana, nikaona raha. Nimekwambia. Sijapata kumwambia mama yake huyu, wala huyu mwenyewe."

Ibtisam alikuwa ameliweka sinia chini. Alikuwa anamtazama baba yake kama anayetafuta mlango wa nyumba asiyoijua. Nilitamani niinuke nimshike mkono, na nikaona haya kuinuka.

Bi Lila akasogea mbele kwenye kochi. Alikuwa mtulivu kabisa.

"Baba yangu alikuwa mwembamba," alisema. "Kofia nyeusi. Nguo alizobeba zilikuwa kwenye shuka, amefunga fundo begani. Mimi nilikuwa pembeni yake, kulia, nimevaa gauni la kijani. Ni wewe?"

Mzee Abdulwakil akafumba macho. Na nitasema haki yake: alijaribu. Niliona paji la uso likikunjamana, midomo ikitikisika, na jasho likamtoka juu ya mdomo. Alikuwa anatembea kwenye lile daraja lake kichwani, anamtafuta. Tukamngoja. Chai ikapoa.

"Sijui, Bi Lila," alisema.

"Mgongo wake ulikuwa mbaya. Hakuweza kushuka."

"Wengi hawakuweza."

"Kofia iliangukia mferejini."

"Kofia zilianguka."

"Alikwambia asante," alisema Bi Lila, na hapo sauti ikapasuka kidogo. "Ulimpiga akakwambia asante. Nani husahau mtu kama huyo?"

"Wengi walisema asante," alisema Mzee Abdulwakil. Alikuwa akilia sasa, bila kujificha. "Nilidhani ukinieleza vizuri nitamwona. Tangu siku ile ya mvua uliyohadithia, kila siku namtafuta. Simpati. Wote wameinama, naona migongo. Ninachokikumbuka ni mkono wangu. Ulikuwa ukivimba. Jioni mke wa ami alinichua kwa mafuta akinihurumia, akidhani nabeba mizigo ya watu."

Hapo hasira zangu zikanishinda. Nikamwambia, "Mzee, si ungesema ndiyo tu? Hata kama hujui. Umpe mtu anachokitafuta apumzike."

"Nilipanga kusema ndiyo," alinijibu. "Mlipogonga mlango nilikuwa nimepanga hivyo. Lakini angeniuliza alikuwa na uso gani, ningembuni. Nimeshawafanyia mengi, nisiwaongezee na hilo."

Tulikaa. Nje watoto walikuwa wanatoka shule, tukawasikia wakipita na kelele zao. Ibtisam alianza kusema kitu, "Bi Lila, mimi," akakwama, kwa sababu angesema nini? Aombe radhi kwa lipi, yeye aliyekuwa hajazaliwa, na kwa niaba ya nani, ikiwa mwenyewe hajui amemkosea huyu au mwingine?

Bi Lila alikuwa akiitazama mikono yake mwenyewe, imelala mapajani.

"Mimi nilimchukia yule kijana tangu utoto," alisema taratibu, kwa Kiswahili chake cha Mombasa, kama anayemweleza mtu njia. "Nilipoolewa, nilimchukia. Nikizaa, nikifiwa, hapa London nikikaa dirishani na mvua, alikuwepo. Wengine wote walionijua kule wamekufa. Ndugu zangu hawakuwepo siku ile. Mama hakuambiwa. Basi nikajiambia, duniani tumebaki wawili tu tunaomkumbuka baba yangu pale darajani. Mimi hapa, na yeye popote alipo. Nikawa najua kwamba siku moja moja naye anamkumbuka, anaona aibu, na hapo baba anakuwa mtu." Akaigeuza mikono yake, viganja juu. "Kumbe miaka yote hiyo nilikuwa peke yangu."

Akainuka. Nikainuka naye, nikamletea koti lake kutoka kwenye ndoano ya mlangoni. Mzee Abdulwakil alijaribu kusimama, Ibtisam hakumsaidia, akashika ukingo wa meza mpaka akasimama mwenyewe. Akatufuata ushorobani na soksi zake.

"Bi Lila," alisema. "Baba yako alikuwa akiitwa nani? Nitajie jina. Na mimi nimkumbuke."

Nilimtazama Bi Lila. Jina lile mimi nililijua, alishanitajia kwenye mambo mengine kabisa. Alifunga vifungo vya koti lake kimoja kimoja mpaka cha shingoni, akavuta ncha ya sari akaitia ndani, akanigeukia mimi.

"Twende, Zainab," alisema. "Basi litatuacha."